Habari za Imamu Azzan bin Qais na Kukataza Kwake Tumbaku

Bismillahi Rrahmani Rrahim.

Watu wa pwani wanaijua sana nasaba ya Sayyid Said bin Sultan, aliyehamishia makao ya dola yake Unguja, akafa baharini mwaka 1856. Majina ya Majid, Barghash na Khalifa hayamshindi hata mtoto. Lakini katika ukoo huo huo wa Albusaidi alikuwako mtu ambaye habari zake hazikuenea sana upande huu wa bahari, naye ni Imamu Azzan bin Qais. Alitawala Maskati miaka miwili na miezi mitatu tu, tangu Oktoba 1868 hata Januari 1871, yaani tangu mwaka 1285 wa Hijra hata mwisho wa mwaka 1287. Katika muda huo mfupi alikataza tumbaku katika mji wa bandari uliojaa wavutaji wa kila taifa. Jambo hilo wafalme wenye nguvu kuliko yeye walilijaribu zamani likawashinda, na kwa hivyo inafaa kuangalia alilifanyaje, na likaishia wapi.

Azzan alikuwa mwana wa Qais, mwana wa Azzan, mwana wa Qais, mwana wa Imamu Ahmad bin Said, yule aliyewatoa Waajemi katika Oman na kuisimamisha dola ya Albusaidi katika karne ya 18. Basi yeye na kina Majid na Barghash walikutana kwa Imamu Ahmad. Walakini matawi hayo mawili hayakuwa na mapenzi. Wana wa Sayyid Said walishika Maskati na Unguja, na kizazi cha Qais kilishika Sohari na Rustaki. Ami yake Azzan, Hamud bin Azzan, ambaye maulamaa waliwahi kumtazamia uimamu, alikamatwa na Thuwaini bin Said akafia kifungoni mwaka 1850. Sohari ikawatoka, wakabaki na Rustaki chini ya milima. Huko ndiko alikotokea Azzan, mtu wa ngome na wa upanga, aliyejulikana kwa ushujaa kabla hajajulikana kwa jambo lingine.

Sasa msomaji na asubiri kidogo, zitangulie habari za tumbaku yenyewe, kwani bila ya hizo amri ya Imamu haitafahamika.

Tumbaku haikuwako katika nchi za Kiislamu zama za Mtume, wala za masahaba, wala za maimamu wa madhehebu. Mmea wake asili yake ni Marekani. Wahispania na Wareno ndio walioutawanya duniani, na ilipokaribia miaka ya 1600 ulikuwa umekwisha fika Istanbul, Misri, Bara Hindi na bandari za bahari hii ya Mashariki, ambako Wareno walikuwa na ngome zao Maskati na Mombasa. Kwa kuwa lilikuwa jambo jipya, hapakuwa na aya wala hadithi iliyolitaja kwa jina, na maulamaa ikawabidi walipime kwa kiyasi. Waliokataza walisema kwamba mali inayochomwa moto bila ya kushibisha wala kuvika ni mali iliyofujwa, na kufuja mali kumekatazwa. Na kwamba ikiwa mtu aliyekula vitunguu vibichi ameambiwa asiukaribie msikiti kwa ajili ya harufu yake, basi huyu wa moshi ana udhuru gani? Wakaongeza habari ya madhara ya mwili, ingawa siku zile madhara hayo yalikuwa yakikisiwa tu, hayajapimwa. Waliohalalisha walijibu kwamba asili ya vitu ni uhalali mpaka upatikane ushahidi wa kuharimisha, na kwamba tumbaku hailevyi kama pombe.

Khitilafu hiyo haikuwa ya wajinga. Ahmad Baba, mwanachuoni mkubwa wa Timbuktu, aliandika risala ya kuhalalisha mwaka 1607. Huko Misri al-Laqani aliandika kukataza, na Ali al-Ujhuri, wa madhehebu ile ile ya Maliki, akaandika kinyume chake. Dameski alikuwako Abdulghani an-Nabulsi, aliyefariki mwaka 1731, mcha Mungu asiyetiliwa shaka, naye aliitetea tumbaku kwa kitabu kizima. Katika Mashafii wengi waliiweka katika makuruhu, na wako walioiharimisha, wakiwamo Masharifu wa Hadhramaut. Ndiyo sababu mpaka leo katika pwani hii utamwona mtu aswali jamaa safu ya mbele, naye nyumbani ana kijaluba cha tambuu na tumbaku ndani yake, wala hadhani kwamba amevunja kitu.

Ama Maibadhi, wao neno lao lilikuwa karibu kuwa moja, kwamba tumbaku ni haramu. Kwa Mwarabu wa Kiibadhi, akiwa Nizwa au akiwa Unguja, kuonekana na kiko kinywani ilikuwa ni aibu ya kumshusha mtu katika macho ya wenziwe, sembuse dhambi. Azzan alizaliwa na kulelewa ndani ya rai hiyo. Hakuizua yeye.

Wala hakuwa wa kwanza kuitia tumbaku chini ya amri ya dola. Mfalme James wa Uingereza aliandika kitabu cha kuilaani mwaka 1604, akaipandishia ushuru, na watu wake wakaendelea kuvuta. Sultani Murad wa nne wa Istanbul alikwenda mbali zaidi. Baada ya moto mkubwa ulioteketeza sehemu ya mji mwaka 1633 alifunga nyumba za kahawa, akakataza tumbaku, na waliokamatwa wakivuta waliuawa. Alikufa mwaka 1640, na kabla ya miaka mingi kupita Sheikh wa Uislamu wa mji ule ule, Bahai Efendi, ambaye mwenyewe alikuwa mvutaji, akatoa fatwa ya kuiruhusu. Damu yote ile ikawa bure.

Turudi Oman. Mwezi wa Februari mwaka 1866 Sayyid Thuwaini bin Said aliuawa Sohari na mwanawe mwenyewe, Salim, naye akakaa juu ya kiti cha baba yake. Raia hawakuusahau uovu ule. Zaidi ya hayo, kwa muda mrefu wafalme wa Maskati walikuwa wakilipa mali kwa Mawahabi wa Najd, na macho yao yalikuwa baharini kuliko bara. Maulamaa na mashekhe wa kabila walikuwa wakingoja mtu. Walioongoza shauri hilo walikuwa watatu: Sheikh Said bin Khalfan al-Khalili, mwanachuoni na mshairi aliyewazidi wote wa zama zake, Sheikh Salih bin Ali al-Harthi wa Sharkiya, ambaye jamaa zake Waharthi walikuwa wengi Unguja, na Sheikh Muhammad bin Sulayyim al-Gharibi wa Batina. Watu hawa na wafuasi wao waliitwa Mutawaa, yaani watu waliojishika na dini kwa nguvu.

Azzan akatoka Rustaki akaitwaa Barka, kisha Matrahi, na mwezi wa Oktoba 1868 Maskati ikawa mikononi mwake. Salim alipanda chombo akakimbilia Bandar Abbas. Hapo wakampa Azzan baia ya uimamu. Jambo hilo lilikuwa kubwa kuliko kuteka mji, kwani tangu Imamu Said, mwana wa Imamu Ahmad, aliyechaguliwa mwaka 1783, hapakuwako tena mtu wa ukoo huo aliyekubaliwa na maulamaa kwa jina la Imamu. Sayyid Said bin Sultan mwenyewe, pamoja na ukubwa wake wote, hakuwa Imamu. Ni Wazungu tu waliomwita hivyo kwa kutojua.

Al-Khalili akawa kadhi, na mji wa Maskati ukawa chini ya mkono wake. Amri zikatoka: pombe isiuzwe, ngoma na zumari zisipigwe, tumbaku isivutwe. Hata namna ya kupunguza masharubu iliangaliwa. Ili kufahamu uzito wa amri hizo ni lazima kuukumbuka mji wenyewe. Maskati na jirani yake Matrahi haikuwa miji ya Waarabu peke yao. Walikuwamo Mabaniani wenye maduka na mizani, Makhoja, Wabaluchi ambao ndio waliokuwa askari wa siku zote, Waajemi, na watu weusi waliotoka pwani hii, wengi wao wakiwa watumwa au wana wa watumwa. Mabaharia walikuja kwa msimu, wakakaa wiki nyingi wakingoja pepo. Mtu wa namna hiyo, aliyeketi juani juu ya gati bila ya kazi, kiko chake ndicho mwenziwe. Kumwambia akizime ni kumwondolea starehe aliyoizoea tangu utotoni, na kumwondolea kwa hoja ya madhehebu ambayo si yake. Hapa ndipo ugumu ulipokuwa. Nizwa au Rustaki amri ya tumbaku ilikuwa ikiwaambia watu lile walilokwisha kuliamini. Maskati ilikuwa ikiwaambia wengi wao jambo geni.

Hata hivyo amri ilisimama. Wavutaji walijificha majumbani, na njiani moshi haukuonekana. Wala hapana aliyeweza kusema kwamba Imamu anawakataza watu jambo analolifanya mwenyewe faraghani, kwani desturi yake na ya washauri wake ilijulikana. Hili si dogo. Ndilo lililomkosesha heshima mkatazaji mmoja baada ya mwingine katika nchi nyingi.

Nguvu zake zilikua upesi. Mwaka 1869 alikwea mpaka Buraimi akawatoa Mawahabi katika ngome yao, na kabila za ndani zilizokuwa hazimsikilizi mfalme wa Maskati zikapigwa zikatii. Watawala wawili waliomtangulia hawakuwahi kuishika bara namna ile. Hapa pana jambo la kustaajabisha. Azzan na Mawahabi walikuwa maadui wa madhehebu na wa mpaka, kila mmoja akimhesabu mwenziwe kuwa amepotea. Lakini katika tumbaku walikuwa na neno moja, kwani Riyadh nako mvutaji alipata adhabu. Lau moshi peke yake ungeweza kuwapatanisha watu, hawa wangepatana.

Sasa kwa nini akaanguka? Ni rahisi kudhani kwamba watu walimchoka kwa ajili ya tumbaku na ngoma. Ukweli ni mwingine. Hazina yake ilikuwa tupu. Mwaka 1861, Waingereza walipoigawa dola ya Sayyid Said, waliamua kwamba Unguja iilipe Maskati riale 40,000 kila mwaka, na Sayyid Majid alikuwa ameacha kulipa baada ya kuuawa Thuwaini. Kwa kukosa fedha, serikali ya Imamu ilishika mali za jamaa za wafalme waliopita na za wale waliowasaidia, kwa hoja kwamba zilichumwa kwa dhulma na haki yake ni kurudi katika baitulmali. Katika sheria hoja hiyo ilikuwa na vitabu vyake, lakini ilimzalia maadui katika kila nyumba kubwa. Kabila za Kighafiri ziliona kwamba dola imekuwa ya Mahinawi. Biashara ya bandari, ambayo tayari ilikuwa ikipungua kwa kuja kwa merikebu za moshi na kwa kutengwa na Unguja, ilizidi kuzorota. Na serikali ya Waingereza katika Bara Hindi haikukubali kumtambua, ingawa alikaa miaka miwili akingoja.

Basi tumbaku haikumwangusha. Lakini mtu aliyechukuliwa shamba lake hawezi kulalamika sokoni kila siku juu ya shamba, na kiko chake kilichozimwa kinamkumbusha kila siku. Wengi waliokuwa na kinyongo kikubwa walikisema kwa mdomo wa kinyongo kidogo. Hilo al-Khalili, pamoja na elimu yake yote, yaonekana hakulipima. Aliyataka mambo yote kwa siku moja: mali, mpaka, kabila, masharubu na moshi.

Sayyid Turki bin Said, ndugu yake Thuwaini, alikuwa amekaa Bara Hindi akiangaliwa na Waingereza. Mwaka 1870 alitoka huko akateremka upande wa kaskazini wa Oman, kabila zenye chuki zikamfuata, na mwezi wa Oktoba akalishinda jeshi la Imamu huko Dhank. Mwisho wa Januari 1871 vita vilifika Matrahi. Azzan hakukimbia kama alivyokimbia Salim. Alipigana ndani ya vita vile akauawa, Mwenyiezi Mungu amrehemu. Al-Khalili alijifungia katika ngome za Maskati, akazitoa baada ya kupewa amani yenye Mwingereza ndani yake. Kisha yeye na mwanawe wakafa wakiwa mikononi mwa mshindi. Wako wanaosema walizikwa wangali hai. Namna yo yote iliyokuwa, ahadi ile haikutimizwa.

Turki alipoingia Maskati, amri za Mutawaa zilikwisha. Viko vikarudi magengeni, na ngoma zikapigwa.

Unguja habari hizo zilisikiwa kwa masikio mawili. Sayyid Barghash alitawala tarehe 7 Oktoba 1870, mwezi ule ule wa vita vya Dhank. Ujanani mwake, mwaka 1859, Waharthi walikuwa pamoja naye alipomwasi nduguye Majid, na mwanzo wa utawala wake alikaa karibu na maulamaa wa rai ya Kimutawaa, hata balozi wa Kiingereza akaogopa kwamba ataungana na Imamu. Miezi minne haijatimia, Imamu akafa. Barghash akashika njia nyingine, na katika Unguja, ambako raia wengi ni Mashafii, hakuthubutu kuwawekea watu hukumu ya Kiibadhi juu ya tumbaku. Mwenye kuvuta akavuta, na mwenye kuona haya akaona haya.

Na huku bara tumbaku ilikuwa imekwisha tangulia mbele ya sultani na mbele ya kadhi. Misafara ya karne ya 19 iliikuta imelimwa nyuma ya nyumba katika nchi nyingi za ndani, wazee wakiivuta kwa mtemba na kuinusa ugoro. Hata nyanda za baridi za Ubena, palipo leo miji ya Njombe na Makambako, hazikuwa mbali na desturi hiyo. Waislamu wa pwani waliokwenda huko kwa biashara, na baadaye kwa barabara na reli ya TAZARA iliyomalizika mwaka 1975, walichukua khitilafu ile ile ya zamani, huyu akisema makuruhu na huyu haramu. Makambako ndipo inapokutana njia kuu ya Mbeya na ile itokayo Songea kwa kupita Njombe. Na Songea ni nchi ya tumbaku, ambako wakulima wa Kingoni na Kimatengo walianzisha chama chao cha ushirika cha kuiuza, NGOMAT, mwaka 1936. Kwao huko tumbaku ni karo ya mtoto na bati la nyumba. Mwenye kuharimisha moshi tu hajamaliza kazi. Kuna na jembe la kuulizia hukumu. Swali hili halikumkabili Azzan peke yake, maana katika Oman nako walikuwako waliokuwa wakiilima.

Serikali za leo zimelishika jambo hili kwa hoja ya mwili. Tangu mwaka 1950 waganga wa Uingereza walipoonyesha kwa hesabu kwamba wavutaji wa sigara hupatwa na saratani ya mapafu kuliko wengine, kilichokuwa kikikisiwa na mafakihi kimepimwa. Shirika la Afya Duniani linahesabu kwamba tumbaku huua mamilioni ya watu kila mwaka. Tanzania ilitunga sheria yake mwaka 2003, ikakataza kuwauzia sigara walio chini ya miaka 18, na ikaridhia mkataba wa mataifa juu ya tumbaku mwaka 2007. Oman ilikuwa imetangulia kuuridhia mwaka 2005. Kwa sababu ya hesabu hizo maulamaa wengi wa zama hizi, na Mashafii miongoni mwao, wameihamisha tumbaku kutoka katika makuruhu kuitia katika haramu.

Lakini katika nchi ya Azzan mwenyewe, amri yake haikungoja waganga. Nduguye, Ibrahim bin Qais, aliendelea kumpinga Turki kwa miaka mingi. Salih bin Ali al-Harthi naye hakutulia mpaka alipouawa mwaka 1896. Mwaka 1913 uimamu ukasimamishwa tena ndani ya milima, akachaguliwa Salim bin Rashid al-Kharusi, naye alipouawa mwaka 1920 akachaguliwa Muhammad bin Abdullah al-Khalili, mjukuu wa yule Sheikh Said bin Khalfan aliyefia kifungoni. Imamu huyu alikaa Nizwa miaka 34, hata kufa kwake mwaka 1954. Katika nchi yake tumbaku haikuvutwa hadharani, wala hakuhitaji askari wengi wa kuizuia, kwani wazee, makadhi na raia walikuwa wakiishi juu ya rai moja, na mgeni aliyefika na paketi yake ya sigara aliitia mfukoni kabla hajaambiwa.

Maskati yenyewe, mji uliorudisha viko vyake siku aliyokufa Azzan, ulitawaliwa tangu mwaka 1932 na Said bin Taimur bin Faisal bin Turki, kitukuu wa yule Turki aliyemshinda Imamu. Sultani huyo alikataza kuvuta sigara katika njia za mji, na marufuku hiyo ikadumu mpaka alipoondolewa katika kiti mwezi wa Julai 1970.